Sakafu ya Kibanda cha Bustanini: Kilicho Chini Yake na Kilalacho Juu Yake



Wasomaji wetu wapenzi, juma hili twaomba tuzungumzie mahali ambapo mgeni hapelekwi. Si sebuleni wala jikoni. Ni kile kibanda kilicho nyuma ya nyumba, karibu na ukuta wa mpaka, ambamo hutiwa majembe, toroli, mpira wa kumwagilia maua, makopo ya rangi iliyobakia na mfuko wa mbolea. Mara nyingi, chakula kinapokuwa kingi kuliko nafasi ya jikoni, humo humo hutiwa gunia la mchele na gunia la mahindi.

Aila nyingi za Pwani zilizopanda bara zikakaa Nairobi, khasa upande wa magharibi wa jiji, yaani Kilimani, Kileleshwa, Lavington, Westlands, Kangemi, Kawangware na Dagoretti, zina kibanda cha namna hii au zanuia kukijenga. Swali la mama mwenye nyumba ni jepesi kulisema: tukitie sakafu gani? Mafundi nao humjibu upesi, kila mmoja kwa kazi aijuayo. Mwashi husema konkriti, seremala husema mbao, na muuza matofali ya kabro husema kabro.

Sisi twaona kwamba kabla ya kuchagua, yapasa kuuliza maswali mawili. La kwanza: chini ya sakafu hiyo pana nini? La pili: juu yake kitalala nini, au atalala nani? Mwenye kuyajibu haya mawili aghalabu hujikuta amekwisha chagua, na pesa zake hazipotei. Mwenye kuanza na bei hulipa mara mbili, kwani sakafu iliyokosewa chini haitengenezwi kwa kupakwa kitu juu.

Ardhi ya Nairobi si ardhi ya Pwani

Sisi tuliozaliwa Pwani tumezoea ardhi ya mchanga na jiwe la matumbawe. Mvua hunyesha, maji huzama, na baada ya muda mfupi ua umekauka. Juu ya hayo, wazee wetu walijenga baraza zilizoinuka kutoka njiani, na chakula wakakiweka uchagani, yaani juu ya jukwaa la miti, kisiguse chini. Hawakufanya hivyo kwa mapambo. Walijua kuwa ardhi hutoa unyevu hata siku ya jua.

Nairobi mambo ni mengine. Mji huu ulianza mwaka 1899, reli ilipofika penye kinamasi kilichokuwa karibu na mto ambao Wamaasai waliuita kwa jina la maji baridi. Maofisa wa reli waliokaa hapo mwanzo walijengewa nyumba za mbao na mabati zilizosimama juu ya nguzo, sakafu ikiwa mbali na ardhi. Mji uko juu sana, zaidi ya mita 1,600 kutoka usawa wa bahari, na kadiri uendavyo magharibi ndivyo upandavyo. Masika hunyesha kuanzia Machi hadi Mei, vuli kuanzia Oktoba hadi Disemba, na baina yake, kuanzia Juni hadi Agosti, huwa na baridi na mawingu ambayo hayakaushi kitu. Ndiyo maana kitambaa kilicholowa ambacho Mombasa kingekauka kabla ya adhuhuri, Lavington chaweza kulala na maji yake hadi kesho.

Udongo nao ni wa namna mbili kuu. Upande wa magharibi na kaskazini, mtu akichimba hukuta udongo mwekundu wenye kina. Huu ni udongo mwema kwa mjenzi: hupitisha maji na hautembei sana. Taabu yake ni kwamba sehemu hizo zina miteremko na mabonde, na maji ya jirani wa juu hushuka mpaka ukuta wa nyuma wa jirani wa chini, mahali pale pale tunapopenda kuweka vibanda. Upande wa kusini na mashariki hutawala udongo mweusi ambao mafundi huuita udongo wa pamba. Huu hufura ukinywa maji, na jua likiwaka hukauka na kupasuka nyufa ambazo mtu aweza kutia mkono. Konkriti iliyomwagwa juu yake bila matayarisho huinuliwa masika na kuachwa ikining'inia kiangazi, mpaka ivunjike. Mpaka baina ya udongo huu na ule si mstari ulionyooka, kwa hiyo asitosheke mtu na jina la mtaa. Na achimbe shimo la kina cha mkono mmoja mahali pa kibanda atazame mwenyewe.

Akikuta wekundu, yatosha kuondoa tabaka la juu lenye mizizi na majani yanayooza, kisha kushindilia. Akikuta weusi, fundi hana budi kuutoa mpaka afike penye ardhi ngumu, kisha kujaza moramu na kuishindilia tabaka kwa tabaka. Kama weusi ni wa kina kirefu na mfuko ni mfupi, ni afadhali kuacha konkriti kabisa, ukajenga sakafu ya mbao juu ya nguzo fupi. Nguzo moja ikisogea huinuliwa kwa kipande cha jiwe, lakini konkriti iliyopasuka haina dawa nyepesi.

Kilalacho juu

Sasa tuje kwenye swali la pili. Kibanda cha majembe na toroli hakihitaji makuu. Moramu iliyoshindiliwa vyema na kuinuliwa kidogo juu ya ua, au kabro zilizopangwa juu ya mchanga, zatosha. Kabro zina faida kwamba aliyepanga nyumba aweza kuzing'oa na kuondoka nazo mkataba ukiisha. Ila ajue kuwa unyevu hupanda kupitia viungo vyake, kwa hiyo chochote cha chuma kitundikwe ukutani, kisilazwe chini.

Kibanda cha dawa za wadudu, mafuta ya taa au petroli ya jenereta kinahitaji sakafu isiyonywa kitu. Udongo na mbao hufyonza kilichomwagika na kukishika kwa miaka, na mtoto anayecheza hapo hugusa asichokiona. Hapa konkriti laini ndiyo ifaayo, na makopo yakae ndani ya beseni pana, juu mahali mtoto asipofika. Chakula kisikae chumba kimoja na vitu hivi, hata kama kila kimoja kina kifuniko chake.

Kibanda cha chakula ndicho kinachotutia wasiwasi zaidi. Mwaka 2004, katika Makueni, Kitui na wilaya za jirani, watu 317 waliugua na 125 kati yao wakafa kwa kula mahindi yenye sumukuvu, sumu inayotolewa na ukungu. Mahindi hayo yalikuwa yamevunwa na kuhifadhiwa yakiwa na unyevu. Sumu hiyo haiondoki kwa kupikwa kawaida, na nafaka yenye sumu si lazima ionekane mbaya kwa macho. Mahindi makavu yanayofaa kuwekwa hayazidi unyevu wa asilimia 13.5, lakini ukavu huo haukai wenyewe. Gunia lililokauka vizuri likilazwa juu ya saruji yenye unyevu hunywa maji kutoka chini kama utambi unavyonywa mafuta, na ukungu huanzia katika lile tabaka la chini ambalo hatuliangalii mpaka tumelifikia kwa kibaba.

Twajua desturi yetu. Kabla ya mwezi wa Ramadhani watu hununua kwa wingi: mchele, unga, sukari, dengu, tende. Katika miaka ya karibuni, kama 2023 na 2024, mwezi huo mtukufu uliangukia msimu wa masika, na masika ya 2024 yalileta mafuriko yaliyoua zaidi ya watu 200 nchini. Chakula kilichonunuliwa kwa kheri ya futari kisiharibike kwa kukosa inchi chache za nafasi chini ya gunia. Kukitupa ni israfu, na kukila ni hatari.

Konkriti ifanywavyo

Tuchukue kibanda cha futi 8 kwa 10, ambacho ndicho kipimo cha wengi. Baada ya ardhi kutayarishwa, hupangwa mawe ya kujazia kiasi cha inchi 6, yakashindiliwa na mianya yake kuzibwa kwa vumbi la mawe mpaka uso uwe laini. Juu yake hutandazwa karatasi nzito ya nailoni, ile inayouzwa madukani kwa jina la geji 1000. Hiyo ndiyo roho ya sakafu, na ndiyo mafundi wengi huiruka, kwa kuwa haionekani kazi ikiisha. Vipande viwili vikikutana, kimoja kipande juu ya kingine kwa futi moja, na kingo zake zikunjwe juu kando ya kuta. Mwenye nyumba asimame aione ikitandazwa, kabla haijafunikwa. Hili si kumshuku fundi. Ni sehemu ambayo baadaye haitaonekana tena.

Kisha humwagwa konkriti ya inchi 4, kwa kipimo cha saruji moja, mchanga miwili na kokoto nne. Kwa kibanda hicho saruji itakayotumika ni karibu mifuko mitano ya kilo 50. Mfuko wenye alama ya 32.5 watosha kwa kazi hii, lakini atazame tarehe ya kufungashwa, kwani saruji iliyokaa zaidi ya miezi mitatu hupungua nguvu. Maji yasizidishwe ili kurahisisha kumwaga: konkriti ya majimaji hukauka ikiwa dhaifu na yenye matundu. Uso wa sakafu uinuke angalau inchi 6 juu ya ua, na uteremke kwa inchi moja kutoka ukuta wa nyuma hadi mlangoni, ili maji yakiingia yajue pa kutokea.

Kazi haijaisha fundi akishaondoka. Kwa siku saba konkriti hufunikwa kwa magunia na kumwagiwa maji asubuhi na jioni, kwa maana saruji hushika kwa maji na haishiki kwa jua. Nguvu yake kamili huhesabiwa baada ya siku 28. Aliye na haraka ya kuingiza magunia juma la kwanza atayapa magunia maji ambayo konkriti ingali inayatoa.

Mbao na adui zake

Sakafu ya mbao ni joto kwa mguu, na mtu aweza kuijenga bila kuchimbachimba ua. Lakini Nairobi ina mchwa, na mchwa hawana haja ya mlango. Huja chini ya ardhi na kupanda kwa vijia vyembamba vya udongo. Kwa hiyo mbao yoyote isiguse ardhi. Nguzo fupi za mawe au konkriti ziinue sakafu kwa shibiri mbili, ili upepo upite chini na mtu aweze kuinama na kurunzi akaangalia. Juu ya kila nguzo, kabla ya boriti, huwekwa kipande cha bati kilichochomoza pande zote na kukunjwa kuelekea chini. Bati hilo haliwazuii mchwa kabisa, ila huwalazimisha kukizunguka kijia chao nje, mahali kinapoonekana na kuvunjwa.

Anayetoka mitaa ya magharibi aweza kupata mbao barabara ya Ngong au Kawangware karibu na kwake, na anayetaka kulinganisha bei hushuka mpaka Gikomba, ng'ambo ya katikati ya jiji, kisha akapitia maduka ya hadiwea ya River Road kununua misumari, bawaba na nailoni. Mbao nyingi zinazouzwa ni za saiprasi, na mara nyingi huwa hazijakauka. Mbao mbichi ikipigiliwa leo hupinda baada ya miezi miwili na kuacha mianya ya panya. Ipangwe kwanza kivulini, vijiti baina ya ubao na ubao, mpaka iwe nyepesi mkononi. Anayechagua plaiwudi achukue ile ya marine bodi ya milimita 18, na kingo zote zilizokatwa azipake rangi au vanishi kabla ya kuipigilia, kwani maji huingilia kingoni.

Kuna mambo matatu ya kutahadhari nayo sana.

La kwanza ni oili chafu, ile iliyomwagwa kutoka injini za magari, ambayo wengi hupaka mbao kuzuia mchwa. Ina vyuma vyenye sumu, hushika moto, na harufu yake huingia katika unga na mchele. Haifai mahali pa chakula, wala mahali mtu anapolala.

La pili ni mbao au nguzo zenye rangi ya kijanikijani zilizotiwa dawa kiwandani. Nyingi hutiwa mchanganyiko wa shaba, kromu na aseniki. Ni imara kweli, na kwa nguzo za ua na za umeme hazina mfano. Lakini Marekani iliacha kuzitumia kwa ujenzi wa kawaida wa majumbani mwishoni mwa mwaka 2003 kwa sababu ya aseniki hiyo. Zitumike chini, kwenye boriti, na si kwa uso unaokanyagwa na kuwekewa chakula. Vipande vinavyobaki visiwe kuni asilani, kwani moshi na jivu lake ni sumu.

La tatu ni dawa za mchwa zenyewe. Aldrin na dieldrin zilizotegemewa zamani ziliwekwa katika Mkataba wa Stockholm wa mwaka 2001 kuwa za kuondolewa duniani, kwa sababu hukaa ardhini na mwilini miaka mingi. Kwa hiyo fundi akija na chupa isiyo na karatasi, akasema ni dawa kali ya zamani, aambiwe ahsante na aondoke nayo. Dawa halali nchini Kenya huwa na namba ya usajili ya bodi inayosimamia dawa za wadudu, nayo huandikwa kwenye kopo.

Uchaga wa siku hizi

Kwa mpangaji ambaye mwenye nyumba hamruhusu kujenga, na kwa aliye na konkriti asiyoiamini, ipo njia nyepesi, nayo ni paleti. Haya ni majukwaa ya mbao yanayokuja na shehena, mengi yakipitia bandari ya Mombasa, kisha huuzwa Nairobi kama mbao kuukuu. Paleti ni uchaga ule ule wa wazee wetu, umekuja kwa njia nyingine. Hulinua gunia, na hewa hupita chini.

Lakini paleti isomwe kabla ya kununuliwa. Zile za safari za kimataifa hupigwa muhuri wenye alama ya shuke la ngano na herufi. Herufi HT maana yake mbao zilipashwa moto ili kuua wadudu, nazo zafaa. Herufi MB maana yake zilifukizwa kwa gesi ya methyl bromide, ambayo ni sumu. Hizo tuziache. Isiyo na muhuri wowote, au yenye doa la mafuta na harufu ya dawa, isitumike kwa chakula, kwani hatujui ilibeba nini. Iliyo njema isuguliwe, ioshwe na kuanikwa juani, kisha isogezwe kutoka ukutani kwa shibiri moja ili paka apite na fagio lipite.

Kuitunza

Atakaye kujua kama sakafu yake ya saruji yatoa unyevu hahitaji chombo. Akate kipande cha nailoni safi cha futi moja na nusu kila upande, akibandike sakafuni kwa utepe pande zote nne, akiache hadi kesho yake. Akikuta matone chini ya nailoni, au saruji imegeuka rangi, unyevu unapanda. Hapo asikimbilie kutandika ule mkeka wa plastiki wenye sura ya mbao unaouzwa kwa mita. Mkeka huo juu ya saruji yenye maji huficha ugonjwa: ukungu hustawi chini yake, na juu pakaonekana pazuri. Kwanza achunguze nje. Mara nyingi maji yanatoka paani kwa kukosa mfereji, au yanateremka kutoka kwa jirani na kusimama ukutani. Mfereji wa paa wa bati na mtaro mdogo upande wa juu hugharimu kidogo kuliko sakafu mpya.

Akumbuke pia kuwa maji mengine hayatoki chini. Kibanda cha mabati hutoa jasho usiku wa baridi: hewa yenye unyevu hugusa bati la baridi na kudondosha matone. Matundu mawili yenye wavu, moja chini upande huu na jingine juu upande wa pili, huondoa taabu hiyo na kumzuia panya. Mwisho wa Februari na mwisho wa Septemba, kabla ya mvua, kibanda kitolewe vitu vyote, kifagiliwe, mianya izibwe kwa saruji, na vijia vya mchwa vitafutwe.

Na kama ni mtu

Tumeacha neno hili la mwisho kwa kuwa ndilo zito. Katika nyua nyingi za Nairobi, kibanda kilichojengwa kwa majembe huishia kulaza mtu. Huja mlinzi wa usiku, au kijana wa bustani aliyetoka mbali, ikasemwa: "Kwa sasa alale pale, tutamtafutia pengine." Ile "kwa sasa" ikawa miaka miwili. Sakafu iliyotosha jembe haitoshi ubavu wa mwanadamu.

Twafikirie mwezi wa Julai. Saruji isiyo na nailoni chini yake ni baridi na ina unyevu. Godoro jembamba lililowekwa juu yake huloa kwa chini, likaota ukungu, na anayelilalia huamka na kikohozi. Usiku baridi ikizidi, hufanya ambalo kila mwenye baridi angefanya: huingiza jiko la makaa, akafunga mlango na kuziba matundu. Makaa hutoa hewa ya sumu isiyo na rangi wala harufu, na mwenye kuivuta usingizini huenda asiamke. Watu wakikuta msiba asubuhi hulilaumu jiko. Lakini jiko liliingizwa kwa sababu ya baridi, na baridi ilipanda kutoka sakafuni.

Kwa hiyo mwenye nyumba ambaye ajua moyoni kwamba kibanda hicho kitalaza mtu, na akijenge tangu mwanzo kuwa chumba. Chini awe na nailoni, au sakafu ya mbao iliyoinuliwa. Kitanda kiwe na miguu. Dirisha lifunguke. Blanketi zitoshe, ili jiko lisiwe na haja. Dawa, petroli na rangi zisikae humo hata siku moja. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, katika kifungu cha 31, humtaka mwajiri ampe mwajiriwa makazi yanayofaa au ampe pesa za kodi juu ya mshahara. Na hata pasingekuwa na sheria, sisi tumefundishwa tangu utotoni kwamba aliye chini ya mkono wetu ni amana. Asiyeweza kujenga chumba na ampe kodi, akalale Kawangware au Kangemi katika nyumba ya watu, na kibanda kibaki cha majembe.

Kipimo chepesi tulichonacho sisi ni hiki: mama mwenye nyumba aingie kibandani jioni ya mvua, akae kitako sakafuni kwa muda wa kunywa kikombe cha chai. Akihisi baridi na maji yakipanda, amekwisha jua la kufanya, kwa gunia na kwa mtu.

Mungu akijaalia, juma lijalo tutazungumzia paa la kibanda hicho hicho, na maji yake yanavyoweza kuwekwa yakafaa bustani. Wabillahi tawfiq.